Vita Vyangu Kinywani mwa Mume Wangu

Walipokuja kumtafuta shujaa walimkuta mume wangu barazani, amekaa kwenye kigoda anamenya njegere, wakamwamkia yeye. Walikuwa watatu: mtendaji wa kata yetu, afisa wa kamati ya maadhimisho kutoka Morogoro Mjini, na mwalimu mmoja wa chuo, dada kijana aliyevaa viatu ambavyo fundi wake hajawahi kufika Mgeta. Mimi nilikuwa kwenye matuta chini ya nyumba, nimeinama kwenye kabichi, nikisikia kila neno.

"Shikamoo mzee wetu," alisema afisa. "Tumeambiwa nyumba hii ina mpigania uhuru. Mtu aliyevuka Ruvuma kwenda kupigana na Mreno."

"Marahaba," mume wangu akajibu, akaweka sahani ya njegere chini. "Karibuni mkae. Vita vile vilikuwa vizito."

Hakusema uongo. Vilikuwa vizito kweli. Ila wakati vinapiganwa yeye alikuwa anaimba besi katika kwaya ya parokia, na mto mkubwa aliowahi kuvuka ni ule unaotenganisha shamba la mama yake na la mjomba wake, ambao wakati wa kiangazi hata kuku huuvuka bila kulowa magoti.

Aliyevuka ni mimi.

Mume wangu hakuviiba vita vyangu kwa siku moja. Niliporudi kutoka huko na kuolewa, nilimsimulia yeye peke yake, tukiota moto, maana Mgeta kuna baridi na mtu anayeota moto huropoka. Yeye akaenda kusimulia kilabuni. Miaka ya mwanzo alikuwa anasema, "Mke wangu na wenzake walivuka." Baadaye mke akadondoka njiani, ikabaki, "Walivuka." Watoto wetu walipoanza shule ilikuwa, "Tulivuka," nami nikadhani ni ile "tu" ya mume na mke, kama alivyokuwa akiwaambia watu, "Tumejifungua mtoto wa kike." Wajukuu walipokuja kuzaliwa, tayari ilikuwa, "Nilivuka." Herufi chache tu mbele ya kitenzi, na vita vizima vikahamia kwa mtu mwingine bila kupigwa risasi hata moja.

Mtu ataniuliza kwa nini sikumzuia. Kwanza, nilikuwa nimebeba mizigo ya vita vile kichwani nikiwa msichana, na huu wa kusimulia akiubeba yeye, shingo yangu inapumzika. Pili, alisimulia vizuri kuliko mimi. Katika vita vyangu Wareno tuliwaona mara chache na kwa mbali sana. Katika vita vyake walianguka kama mapeasi yanavyoanguka siku ya upepo.

Basi siku ile nilisimama pale kwenye kabichi nikimsikiliza anavyowaua tena. Dada wa chuo alikuwa anamrekodi kwa simu. Nilipopanda kuja kusalimia, mikono ina udongo, afisa aliniambia, "Mama, umeishi na historia ndani ya nyumba!" Nikamjibu kwamba ni kweli, na historia hiyo inakoroma. Mume wangu alinitazama mara moja tu, haraka, kama mtoto aliyekutwa na sukari mdomoni. Nilitaka kuona ataifikisha wapi.

Sasa niseme vita vyenyewe vilikuwaje, ingawa havifurahishi kama vya kilabuni.

Baba yangu alitoka ng'ambo ya Ruvuma kuja kukata mkonge Morogoro. Mazimbu, ambako leo wanafunzi wanapita na kompyuta mgongoni, mimi niliijua ikiwa mkonge mtupu, mistari inayokwenda mpaka macho yanachoka. Tulizaliwa kambini, watoto wa manamba, na mama yangu alikuwa na ndonya, kipande cha mti kwenye mdomo wa juu, ambayo watoto wa mjini walikuja kuitazama bila kiingilio. Siku moja walikuja watu wa harakati, wakasimama juu ya pipa na kutueleza kwamba nchi ya baba zetu inaonewa na wanahitajika vijana, wa kiume na wa kike. Nilikuwa na miaka kama kumi na minane. Ningependa kuandika kwamba damu ilinichemka. Lakini Mreno sikuwahi kumwona. Hasira yangu ilikuwa na mkonge. Nilipanda lori.

Katika kambi ya harakati tulifunzwa kwa bunduki za mbao. Tulizilenga, tukazisafisha, na aliyeidondosha yake aliadhibiwa kama vile ingeweza kulipuka. Mkufunzi wa siasa alitufundisha kwamba katika mapambano mwanamke na mwanamume ni sawa. Alilifundisha jambo hilo kwa moyo na kwa urefu, na sisi wanawake hatukuwahi kusikia mwisho wa somo, kwa sababu tulitakiwa kwenda kumpikia.

Baada ya hapo tukawa wapiganaji. Watu husema mpiganaji hubeba silaha, nasi tulizibeba kweli: ndani ya masanduku, kichwani, kuwapelekea wale watakaozitumia. Kwenda tulibeba mabomu, chumvi, majembe na nguo. Kurudi tulibeba korosho, ufuta na majeruhi. Majeruhi walikuwa wazito kuliko korosho na walilalamika zaidi. Tulivuka mto alfajiri kukiwa na ukungu, tukatembea porini, tukachimba ming'oko, mizizi ya porini, chakula kilipokwisha, na tulipopumzika tulitoana chawa. Vijana wa leo wakisikia neno chawa wanamfikiria mtu anayemsifia kiongozi ili apate chochote. Wetu walikuwa wa kawaida, wenye miguu sita, nao walitunyonya bila hata kutupigia makofi.

Katika safari hizo nilikuwa na rafiki. Alizaliwa huko huko ng'ambo, kwenye uwanda wa juu, mrefu, mwenye kicheko ambacho makamanda walikipiga marufuku kwa sababu za usalama. Alikuwa akikizuia mpaka machozi yanamtoka. Tulitembea pamoja, yeye mbele mimi nyuma, kwa hiyo ninachokikumbuka zaidi ni visigino vyake.

Siku moja kamanda wetu aliitwa akaambiwa kwamba wageni wanakuja, wazungu wawili kutoka nchi ya baridi, marafiki wa mapambano, na kamera yao ya sinema. Kamanda alikuwa mtu jasiri mbele ya risasi na mwoga mbele ya wageni. Alikosa usingizi akifikiria watalala wapi. Mwisho akaamuru kiletwe kitanda kutoka upande wa Tanzania.

Kilikuwa kitanda cha chuma, chenye wavu wa springi, kilichopakwa rangi ya fedha. Tulikifungua vipande. Mimi nilibeba vichwa vya kitanda na rafiki yangu akabeba wavu, ambao kwa kila hatua ulilia kama mbuzi. Sisi tuliokatazwa kucheka kwa sauti tulipita katikati ya nchi ya adui na kitanda kinacholia. Mabomu tuliyotakiwa kubeba safari ile yalibaki nyuma, yakisubiri zamu yao.

Tulipofika tukakiunga ndani ya kibanda. Rafiki yangu akasema lazima kijaribiwe, maana kikivunjika na mgeni itakuwa aibu kwa mapinduzi. Akakijaribu tangu mchana mpaka jua likashuka. Nilikuwa nimekaa chini karibu yake.

"Vita vikiisha," akaniambia, macho yamefumbwa, "wengine wachukue vyeo. Mimi wanipe hiki."

"Utakiweka wapi? Huna nyumba."

"Nitakiweka nje. Nyumba itajengwa kukizunguka."

Wageni wakafika. Walikuwa watu wema sana. Walipoonyeshwa kitanda walishukuru, wakakataa, wakatandika mifuko yao chini. Walikuwa wamesoma kwamba wapiganaji hulala chini, na wao hawakuja kuwa mabwana. Kamanda alijisikia kama mtu aliyepigwa kofi kwa heshima. Kitanda kikatolewa nje, kikawekwa kwenye uwazi, wazungu wakawa wanakitumia kama meza ya kupangia vifaa vyao.

Kisha wakataka kuwapiga picha wanawake wakishambulia. Sisi hatukuwa tukishambulia, lakini hilo halikumsumbua mtu. Tukaazimwa bunduki za wanaume, za kweli, tukakimbia mbele ya kichuguu kimoja tukipiga kelele. Tukarudishwa, tukakimbia tena. Jua likasogea, tukakimbia upya ili kivuli kifanane. Rafiki yangu aliruhusiwa kucheka siku ile, kwa kuwa kamera yao haikuchukua sauti. Picha ilipokwisha wenye bunduki wakaja kuchukua zao.

Ndege ilitokea saa za mchana. Tulizoea ndege, kila mtu alijua kichaka chake. Tulipokwisha kulala chini, kamanda akainua kichwa na kuona kile kitanda pale kwenye uwazi, kinang'aa kama sahani.

"Kitanda!" akapiga kelele. "Kitatuonyesha! Kitoeni!"

Aliyekuwa karibu ni rafiki yangu. Akatoka mbio, akakishika upande mmoja na kuanza kukivuta. Niliinuka nikashike upande wa pili. Akanigeukia na kunionyesha kiganja, nibaki. Nikabaki.

Tulimzika jioni ile. Mkufunzi wa siasa alisema ameanguka akiilinda nchi yake, na mimi nilikaa nikiwaza kwamba labda ni hivyo, labda kwa siku ile nchi ilikuwa na ukubwa wa kitanda. Mmoja wa wazungu alilia mpaka akashindwa kusimama. Kamanda hakulia. Alikwenda akakaa peke yake, na tangu siku hiyo sikumsikia akitoa amri kwa sauti.

Hilo ndilo nililomsimulia mume wangu. Na katika safari ya kutoka kwenye moto wetu hadi kilabuni, kitanda kiligeuka kuwa bendera.

Turudi kwenye maadhimisho. Yalifanyika katika ukumbi mmoja mjini. Kamati ilitaka shujaa avae kijeshi, lakini raia haruhusiwi sare ya jeshi, kwa hiyo walimshonea mume wangu suti ya kijani iliyofanana na sare kiasi cha kupendeza na kutofautiana nayo kiasi cha kutokamatwa. Alipendeza, sikatai. Mimi nilipewa fulana ya maadhimisho iliyonifika magotini, na kiti mstari wa pili chenye karatasi iliyoandikwa MKE WA SHUJAA.

Mgeni rasmi alichelewa kama inavyompasa mgeni rasmi. Alipoingia, wale waliokuja naye walisimama kabla hajasimama na kucheka kabla hajamaliza utani. Nikawakumbuka chawa wetu wa porini, nikajikuna bila kukusudia. Hotuba yake ilizungumzia barabara, maji, vijana na umuhimu wa historia, na katikati ya umuhimu wa historia alipokea simu. Kisha mshereheshaji, kijana mwenye sauti ya kutangaza mechi, akamwita mume wangu.

Alianza vizuri. Alivuka mto, akachimba ming'oko, akalala porini. Ukumbi ulitulia. Nilikuwa karibu kusahau mimi mwenyewe nani alivuka, kwa jinsi alivyokuwa akieleza. Ndipo akafika kwa rafiki yangu, ambaye kwake alikuwa mwanamume.

"Ndege inakuja," alisema, "na bendera yetu iko uwanjani. Mwenzangu akasema, heri nife mimi, bendera isianguke!"

Ukumbi ukalipuka kwa makofi. Mgeni rasmi alikubali kwa kichwa. Na mimi nikajikuta nimesimama, ndani ya fulana yangu ndefu.

"Kilikuwa kitanda," nikasema.

Watu waligeuka. Mshereheshaji alikuwa mwepesi. "Mama anasema kitanda!" akapaza sauti. "Mama amechoka, anataka kitanda!" Wakacheka. Afisa wa kamati alinipungia mkono nikae. Kicheko kikaendelea, kizuri tu, kisicho na ubaya, kama watu wanavyomcheka bibi kizee.

Sikukaa. Nilikuwa namtazama mume wangu. Alishika kipaza sauti kwa mikono miwili, na ile suti ya kijani ikaanza kuonekana kubwa. Angeweza kucheka na wenzake. Ningemsamehe pia, tumetoka mbali.

"Msicheke," alisema.

Wakadhani ni sehemu ya hadithi, wakacheka kidogo zaidi.

"Nimesema msicheke. Kilikuwa kitanda. Mimi ndiye niliyeweka bendera. Nilisimulia mara ya kwanza pale kijijini, watu wakacheka kitanda kama mnavyocheka ninyi, nikaona aibu kwa ajili yake. Nikaweka bendera. Na aliyekufa alikuwa mwanamke." Akanitazama. "Na mimi sikuwepo. Nilikuwa nalima kabichi. Aliyevuka ni huyu mke wangu. Njoo, mama, uchukue."

Nilipita mbele ya meza kuu. Mgeni rasmi hakujua amtazame nani, akaitazama simu. Mshereheshaji alininong'oneza, "Bibi, dakika mbili tu, ratiba imebana." Nikamwambia mimi nilitembea miezi kufika kwenye jambo hili, anipe tano.

Nikasimulia. Mkonge, mbao, somo la usawa na kwenda kupika, korosho, wavu unaolia, kichuguu. Walicheka mahali pa kuchekesha, na nilifurahi wakicheka, kwa sababu yeye angecheka. Nilipofika kwenye kiganja chake, hawakucheka. Wala hawakupiga makofi. Hawakujua kama inafaa. Waliokuwa wakipakua chakula nyuma ya ukumbi walikuwa wamesimama mlangoni na vijiko mikononi. Mmoja wao, mama wa makamo, akauliza kwa sauti kubwa kutoka kule kule:

"Aliitwa nani?"

Hakuna aliyewahi kuniuliza. Hata mume wangu, miaka yote ile ya kuota moto, hakuwahi. Nikalitaja jina lake kwenye kipaza sauti, la kwake na la baba yake, na nikasikia linavyogonga ukuta wa nyuma. Kisha mume wangu akanishika mkono, tukarudi kukaa.

Kilichofuata kilikuwa kikundi cha ngoma chenye bunduki za mbao. Ratiba ilikuwa imebana.

Cheti tulichopewa kilikuwa kimeshachapwa, kwa hiyo shujaa nyumbani kwetu kisheria bado ni mume wangu. Na taarifa ya habari jioni ilimwonyesha yeye, sekunde chache, akisema bendera isianguke, na makofi. Kitanda hakikuonekana. Jirani zetu walitupigia simu kutupongeza. Watoto wetu walioko Dar walituma ujumbe wenye picha za makopa.

Tuliporudi nyumbani mume wangu alikwenda moja kwa moja chumbani. Alivua suti, akaikunja vizuri, akaiweka juu ya kabati. Halafu akakaa kwenye moto.

"Kwa nini hukunizuia mapema?" akauliza.

"Ulikuwa unasimulia vizuri."

"Ulikuwa unanicheka."

"Nilikuwa nakucheka pia."

Alikasirika, siku kadhaa akala kwa mama yake mdogo. Nilimwacha. Aliporudi alikuja na swali, na mpaka leo sijui kama alikuwa amelibeba tangu kule au alilipata njiani. Aliniuliza, "Visigino vyake vilikuwaje?" Nikamweleza.

Kilabuni, nasikia, ilimwia vigumu. Wanywaji walitaka vita vyao vya zamani, vyenye Wareno wengi. Aliwaambia kwamba alikosea herufi na sasa anazisahihisha. Baadhi walihama meza. Wengine walibaki, na mmoja akaanza kusimulia habari za dada yake aliyefanya kazi katika kiwanda cha risasi cha Mzinga, jambo ambalo hakuwa amelisema tangu dada huyo afariki.

Mwaka huu kamati ilipiga simu tena. Safari hii walinitaka mimi. Afisa alikuwa na adabu sana. Alisema wanatengeneza igizo fupi kwa ajili ya shule, wanataka kutumia hadithi ya rafiki yangu, wanaiheshimu, na wana ombi dogo tu.

"Mama, ingewezekana tukaweka bendera? Kwa watoto inaeleweka zaidi. Na kitanda jukwaani, unajua, wazazi wanaweza kufikiria mambo mengine."

Nikamwambia bendera wanazo nyingi, watazipata popote, hawanihitaji. Akacheka kwa heshima, akasema atarudi kwangu. Hajarudi.

Aliyerudi ni yule dada wa chuo. Alipanda peke yake kwa bodaboda, amevaa mabuti ya mpira, hakuwa na simu mkononi. Aliniamkia mimi kwanza, kisha mume wangu. Nilikuwa napalilia njegere, nikampa jembe dogo. Aling'oa njegere mbili tatu pamoja na magugu kabla ya kuona tofauti, akaomba radhi, nikamwambia mmea utaota mwingine. Hakuuliza habari za mapambano. Aliuliza rafiki yangu alipenda kula nini, na kile kicheko kilichopigwa marufuku kilikuwaje.

Nikajaribu kukicheka. Sikukipata, kikaja kama kikohozi cha mbuzi, na mume wangu aliyekuwa tuta la pili akasema hapana, sivyo nilivyokuwa nikikieleza, kilianzia chini zaidi. Naye akajaribu kwa besi yake ya kwaya. Tukabishana pale shambani, wazee wawili, kila mmoja akicheka kwa zamu kicheko cha mtu mwingine, na yule dada ameinama kwenye njegere mabega yanatetemeka. Ukungu ulikuwa unashuka kutoka juu. Tulikuwa bado na mistari mingi ya kupalilia.